Wasomaji Wauliza: Kazi na Mtindo wa Alan Root, Mpigapicha wa Naivasha

Katika toleo lililopita tulichapisha makala mafupi kuhusu Alan na Joan Root, mume na mke waliopiga filamu za wanyamapori kwa miaka mingi wakiwa na makao yao kando ya Ziwa Naivasha. Tangu hapo barua zimekuwa zikitufikia kutoka Nakuru, Kakamega, Maseno na hata Ahero, na nyingi zinauliza jambo moja kwa maneno tofauti: Alan alikuwa na nini ambacho wenzake hawakuwa nacho, ilhali kamera zilikuwa za aina ile ile? Nimechagua chache, nikazifupisha pale mwandishi alipojirudia, na nimezipanga kwa namna itakayomfaa hata aliyelikosa toleo hilo.

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, mimi ni mfanyakazi wa shamba la maua. Huku kwetu jina la Root hutajwa kwa sababu ya mauaji ya yule mama, Joan, basi, na vijana hawajui kwamba kulikuwa na filamu. Mumewe aliingiaje katika kazi hiyo, na ilimfikisha wapi? – Msomaji, Karagita, Naivasha

JIBU: Alan Root alizaliwa London mwaka 1937 akaletwa Kenya angali mtoto, kwa hiyo alikulia huku, na kabla hajashika kamera ya filamu alikuwa amekwisha kuwajua ndege, nyoka na wadudu kwa kuwafuata porini. Nalitanguliza hilo kwa sababu wengi hudhani kwamba mpigapicha hununua kamera kwanza, kisha ndipo akatafuta la kupiga. Kwa Root mambo yalikuwa kinyume.

Mlango ulimfungukia kupitia Bernhard Grzimek, mkurugenzi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt, Ujerumani. Grzimek na mwanawe Michael walikuwa wakihesabu wanyama wa Serengeti kutoka angani kwa ndege ndogo iliyopakwa milia kama ya punda milia, huku wakiipigia filamu kazi hiyo. Januari 1959 Michael aliaga dunia ndege hiyo ilipogongana na tumbusi ikaanguka, na Root, kijana wa miaka 21, akawa miongoni mwa waliobaki kukamilisha picha. Filamu hiyo, ijulikanayo kwa Kiingereza kama Serengeti Shall Not Die, ilipata tuzo ya Oscar ya filamu ndefu ya hali halisi mwaka 1960. Si wengi wanaoanza kazi kwa msiba na tuzo kwa pamoja.

Mwaka 1961 alimwoa Joan Thorpe, mzaliwa wa Nairobi na binti wa mkulima wa kahawa, na wawili hao wakaanza kupeleka filamu kwa Survival, mfululizo wa vipindi uliotengenezwa na kituo cha Anglia Television cha Uingereza. Mwaka 1963 walikuwa katika milima ya Virunga, upande wa Kongo, wakipiga picha za gorila, ndipo Dian Fossey, Mmarekani aliyekuja kuwa mtafiti wa gorila, alipofika huko kwa mara ya kwanza, nao wakampeleka kuwaona wanyama ambao baadaye walimfanya ajulikane ulimwenguni. Kilele cha kazi yao kilikuwa miaka ya 1970, miaka ya filamu za chemchemi za Mzima, za mbuyu, za msafara wa nyumbu na za mchwa. Hiyo ya mwisho, Mysterious Castles of Clay ya mwaka 1978, iliteuliwa kuwania Oscar, na toleo lake la Marekani lilisimuliwa na mwigizaji Orson Welles. Baadaye Root aliugeukia msitu wa Ituri, Kongo, na akawashika mkono wapigapicha waliokuwa wachanga kwake. Ndoa yake na Joan ilivunjika, ila Joan alibaki Naivasha, akauawa nyumbani kwake Januari 2006. Alan alifariki Agosti 2017 akiwa na umri wa miaka 80.

Mwili wake uliigharamia kazi hiyo. Kifutu alimuuma huko Meru mwaka 1968 akapoteza kidole, chui alimuuma Serengeti, na kiboko alimtoboa mguu chini ya maji ya Mzima. Magazeti huipenda sana sehemu hii ya maisha yake. Mimi naiona kuwa ndogo, kwani kuumwa na nyoka hakumfundishi mtu mahali pa kusimamisha kamera.

SWALI: Mhariri, wanafunzi wangu wa Kidato cha Tatu walitazama sehemu ya ile filamu ya kichuguu, wakaniuliza aliingiaje ndani. Nilishindwa kuwajibu. Nami naongeza langu: kuna mtindo wowote unaoweza kuitwa mtindo wa Root, au ni wanyama tu waliopigwa vizuri? – Mwalimu, Shinyalu, Kakamega

JIBU: Mwalimu, wanafunzi wako wanakijua kichuguu kuliko wanavyodhani. Mtoto wa Shinyalu anajua kwamba mvua ikishanyesha, tsiswa, yaani kumbikumbi, watatoka, kama mwenzake wa Kisumu anavyojua kuhusu hao hao anaowaita ngwen. Anajua kukifunika kichuguu kwa majani au blanketi kuukuu, kuacha tundu moja linaloelekea kwenye shimo au chungu, na kugongagonga vijiti kwa mpigo usiokatika mpaka wadudu wenyewe waamini kwamba mvua imekuja. Aliyebuni njia hiyo alikaa kando ya kichuguu kwa misimu mingi, akatambua saa, hali ya hewa na tundu ambalo askari wa mchwa hujitokeza kwanza kabla ya kumbikumbi kuruka. Huo ndio ujuzi ambao mpigapicha wa namna ya Root anauhitaji kabla ya kufungua mfuko wa kamera, na ndio uliomtofautisha na wenzake. Alijua kitakachotokea, akaweka lenzi mahali pake mapema, kisha akangoja.

Sasa kuhusu kuingia ndani. Hakuna njia ya kupiga picha katikati ya kichuguu bila kufungua ukuta upande mmoja na kupeleka mwanga, na hapo ndipo taabu huanza. Mchwa wanaolima kuvu huishi gizani, katika hewa yenye unyevu na joto lisilobadilika sana, karibu nyuzi 30. Ukuta ukibomolewa, vibarua hufika upesi wakiwa na matonge ya udongo uliolowa mate, wakaanza kuziba, na mpigapicha akizembea atakuwa anautazama ukuta mpya badala ya chumba cha malkia. Taa za enzi hizo zilitoa joto kali, na mchwa hukauka haraka. Juu ya hayo, kitu kidogo kikipigwa kwa karibu sana, sehemu inayoonekana wazi huwa na unene wa milimita chache tu. Ukitaka zaidi ya hapo lazima ubane tundu la lenzi, na ukilibana unahitaji mwanga mwingi zaidi, yaani joto zaidi. Kila picha ya karibu ya malkia yule, aliyevimba tumbo kama kidole cha mtu mzima huku watunzaji wakimlamba na mfalme mdogo akiwa pembeni, ni mapatano kati ya lenzi, taa na ngozi ya mdudu.

Ama swali lako la pili, naamini mtindo upo, na unaonekana kwanza katika uchaguzi wa mada. Wapigapicha wengi wa wakati wake walimfuata mnyama mkubwa, simba au ndovu, wakajenga filamu juu ya mbio na damu. Root alichagua mahali, kisha akamwacha kila anayepategemea mahali hapo aje kwa zamu yake. Katika filamu ya mchwa, kichuguu ndicho mhusika mkuu. Wengine wote, wawe wadudu wanaokishambulia, ndege wanaojichotea kumbikumbi angani au wanyama wanaofanya mashimo yake kuwa makao, wanapimwa kwa uhusiano wao na udongo ule. Katika filamu ya mbuyu ni hivyo hivyo. Hondohondo jike hujifungia ndani ya tundu la mti, akaziba mlango na kuacha ufa mwembamba tu ambao dume humlishia, na mtazamaji anaingia katika maisha ya ndege huyo kwa kupitia maisha ya mti. Chemchemi za Mzima, huko Tsavo Magharibi, zina maji maangavu yaliyochujwa na miamba ya volkano ya vilima vya Chyulu, na kwa kuzama humo akina Root waliweza kumwonyesha kiboko akitembea juu ya sakafu ya maji kana kwamba hana uzito, huku samaki wa ukoo wa ningu, ambao watu wa Nyanza wanawafahamu kwa kuwala, wakimsafisha ngozi. Kabla ya hapo, kiboko wa filamu nyingi alikuwa masikio mawili na pua juu ya maji.

Alama ya pili ni urefu wa kamera. Ukitazama kwa makini utaona kwamba kamera yake hukaa usawa wa macho ya mnyama, hata mnyama huyo akiwa mdudu, na kwa hiyo kichuguu huonekana kama jumba na nyasi kama msitu. Hakuna mtu anayesimama mbele ya lenzi kutueleza tunachokiona. Msimulizi yupo, lakini picha zimepangwa kwa namna ambayo ukizima sauti bado utafuata kisa, na hicho ndicho kipimo ambacho ningependa wanafunzi wako wakitumie kwa filamu yoyote. Pia kuna ucheshi. Root alipenda kuonyesha mnyama akijikwaa, akisitasita au akinyang'anywa chakula, jambo ambalo filamu nyingi za leo, zenye muziki wa kishindo mwanzo hadi mwisho, zimelisahau.

La mwisho ni ubahili wa mkanda. Filamu za televisheni za wakati huo zilipigwa kwa mkanda wa milimita 16. Mkanda wa futi 100 ulitosha dakika mbili na sekunde 45 tu kwa mwendo wa kawaida, na ukiongeza kasi hadi picha 64 kwa sekunde ili mwendo uonekane wa polepole, uliisha kwa dakika moja. Kisha ulipaswa kusafirishwa hadi Ulaya ukasafishwe kabla mpigapicha hajajua kama alipata kitu au alipata ukungu mtupu. Mtu aliyefunzwa na uhaba wa namna hiyo habonyezi kitufe ovyo. Mtindo huu wa kuchagua mahali pamoja na kukaa hapo mwaka mzima haukufa naye: Mark Deeble na Victoria Stone, ambao Root aliwalea kikazi, walipiga filamu nzima kuhusu mkuyu mmoja na nyigu wake, The Queen of Trees, iliyotoka mwaka 2005.

SWALI: Je, ni kweli kwamba alivuka Mlima Kilimanjaro kwa puto? Bishano hili limetushinda hapa karakana, na mwenzetu mmoja adai kwamba mambo ya puto yaliletwa na mahoteli. – Fundi wa magari, Nakuru

JIBU: Ni kweli. Yeye na Joan walivuka juu ya Kilimanjaro kwa puto la hewa moto mwaka 1974, na filamu ikatengenezwa. Kwa mpigapicha, faida ya puto ni kwamba halina injini ya kutikisa kamera, nalo husafiri pamoja na upepo, kwa hiyo picha hutelezea juu ya mbuga bila mtetemo, na waweza kushuka hadi karibu na vichwa vya nyumbu. Hasara yake ni kwamba huendi unakotaka, na kila mara kichomeo kikiwashwa wanyama hushtuka. Biashara ya kuwarusha watalii kwa puto Masai Mara aliianzisha yeye katika miaka hiyo hiyo ya 1970, kwa hiyo fundi mwenzako aliyedai kwamba mambo hayo yaliletwa na mahoteli amekosea nusu.

SWALI: Nasomea mawasiliano na nina shaka. Ukuta wa kichuguu ukifunguliwa na taa zikawashwa, tunaendeleaje kuiita filamu ya hali halisi? Hiyo si maigizo? – Mwanafunzi, Maseno

JIBU: Shaka yako ni ya haki na ningefurahi wanafunzi wote wa fani hii wangekuwa nayo. Ila ni vema kutenganisha mambo ambayo watu huyachanganya.

Kufungua dirisha ili tuone jambo ambalo mnyama angelifanya hata kama hatupo ni kitu kimoja. Malkia wa mchwa hutaga mayai maelfu kwa siku, pawe na taa au pasiwe na taa. Hondohondo huziba tundu lake kwa sababu za kwake. Mpigapicha amevuruga mazingira, ndiyo, lakini hakubuni tendo. Kitu cha pili ni kumchokoza mnyama ili atende. Kuna picha maarufu ambamo Joan anamkabili swila mwenye kutema sumu, akiwa amevaa miwani, na sumu inaonekana ikitapakaa juu ya vioo. Tendo hilo limepangwa waziwazi, na kwa maoni yangu linakubalika kwa sababu moja tu: Joan mwenyewe yuko mbele ya macho yetu, tunamwona, na hakuna anayetuambia kwamba nyoka alikutwa kwa bahati.

Kitu cha tatu ndicho cha hatari. Mwaka 1958 kampuni ya Disney ilitoa filamu iitwayo White Wilderness, iliyoonyesha panya wadogo wa nchi za baridi, waitwao lemming, wakijitupa majini kwa makundi kana kwamba wanajiua. Ilipata Oscar. Miaka mingi baadaye waandishi wa televisheni ya Kanada walifichua kwamba panya hao waliletwa hadi Alberta, mahali ambapo hata hawaishi, wakasukumwa kutoka ukingoni. Hadi leo wako watu wanaoamini kwamba lemming hujiua. Huo ni uongo uliopewa sura ya elimu, na ulitolewa na watu waliokuwa na fedha, muda na kila nyenzo.

Kati ya kundi la kwanza na la tatu kuna uwanja mpana wenye kiza, na mhariri wa filamu ndiye anayetawala humo. Mawindo unayoyatazama yakiendelea kwa dakika tatu huenda yameunganishwa kutoka siku tofauti na hata wanyama tofauti. Na kama unataka kujua palipo na ujanja mwingi zaidi, fumba macho usikilize. Kamera nyingi za porini za enzi za mkanda hazikurekodi sauti pamoja na picha, na lenzi ndefu inayomleta simba karibu haiwezi kuileta sauti ya nyayo zake; hivyo sehemu kubwa ya sauti katika filamu za wanyama, za jana na za leo, huwekwa baadaye studioni. Watazamaji hawalalamiki kwa sababu hawaambiwi. Ningeanzia hapo kama ningekuwa natafuta mada ya tasnifu.

SWALI: Mbona mnamsifu mume? Mimi niliona jina la mke pia katika filamu zile. – Mama wa watoto wanne, Section 58, Nakuru

JIBU: Mama, uliona sawa. Filamu za miaka ya 1960 na 1970 zilitoka kwa majina yao wote wawili, na si kwa heshima ya ndoa tu. Joan aliendesha magari na kupanga safari zilizodumu miezi mahali pasipo duka wala daktari, alipiga picha, alizama pamoja na Alan katika maji ya Mzima, na siku ile kiboko alipowashambulia yeye ndiye aliyepigwa kwanza, barakoa yake ya kuzamia ikang'oka usoni kabla mnyama hajaugeukia mguu wa mumewe. Nyumbani Naivasha alilea wanyama yatima, miongoni mwao muhanga na kiboko. Malezi hayo yalikuwa sehemu ya kazi ya picha kuliko inavyodhaniwa, maana aliyewahi kumlisha muhanga kila usiku anajua atatoka shimoni saa ngapi na atanusa upande gani kwanza.

Waliowafahamu walizoea kumweleza Alan kuwa ndiye mwenye mawazo na maneno, na Joan kuwa ndiye mtulivu aliyehakikisha kwamba mawazo hayo yanatendeka. Nakubali, ila nashuku kwamba maelezo hayo humpunguza. Ule ustahimilivu tunaouita mtindo wa Root, wa kukaa na kiumbe kimoja mpaka akuzoee, unafanana na tabia ya Joan kuliko ya Alan, aliyekuwa mtu wa haraka, mpenda ndege na helikopta, na aliyeanguka nazo zaidi ya mara moja. Baada ya kuachana, Joan aliutumia ustahimilivu huo kulitetea Ziwa Naivasha dhidi ya uvuvi haramu, akakiunga mkono kikosi cha doria ambacho baadhi ya watu wake waliwahi kuwa wavuvi haramu wenyewe.

SWALI: Nimetazama filamu za aina hii tangu enzi za televisheni nyeusi na nyeupe. Sijawahi kumwona Mwafrika ndani yake, ila amebeba mzigo. Wanyama wana majina, sisi hatuna. Mhariri unasemaje? – Mzee mstaafu, Ahero

JIBU: Mzee wetu, shikamoo. Nasema una haki, na jambo hili haliwezi kutengwa na mtindo niliousifu hapo juu. Kamera inayokaa usawa wa macho ya swala na kukata kila kitu kingine nje ya fremu inatengeneza pori lisilo na watu, na pori hilo halikuwahi kuwapo. Mfano mzito ni ile ile filamu ya Serengeti iliyompa Root mwanzo wake. Ilitaka mbuga ilindwe, na hesabu za Grzimek kutoka angani zilisaidia kuonyesha kwamba mipaka iliyokusudiwa haikufuata njia za nyumbu. Lakini mwaka huo huo wa 1959 Wamasai waliokuwa wakichunga ndani ya mbuga walihamishiwa Ngorongoro. Mtazamaji wa Ulaya aliyetoka katika sinema akiwa na machozi kwa ajili ya nyumbu hakuwa na sababu ya kujua kwamba wenye ng'ombe nao walikuwa wakifunga mizigo.

Simweki Root peke yake kizimbani. Televisheni za Uingereza na Marekani zilinunua pori tupu na zikalilipia vizuri. Hata hivyo ukitaka kuona kamera iliyogeuzwa upande wa watu, Mzee, wewe mwenyewe huenda uliziona kazi za Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi. Ndiye aliyewahi kufika na kamera Tom Mboya alipopigwa risasi tarehe 5 Julai 1969, na ndiye aliyepiga picha za njaa ya Korem, Ethiopia, zilizoonyeshwa na BBC Oktoba 1984. Amin alikuwa mtu wa habari, na mkono wake ulikuwa tofauti kabisa: alitembea na kamera begani katikati ya watu, na nyuso zikamtazama moja kwa moja. Karibu zaidi na wakati wetu kuna Thank You for the Rain ya mwaka 2017, ambamo Kisilu Musya, mkulima wa Kitui, anashika kamera mwenyewe na kuipiga familia yake, shamba lake na mvua inayokataa kuja au inayokuja kwa ghadhabu. Picha zake hutikisika, na mwanga mara nyingine ni mbaya. Lakini hakuna aliyemkata nje ya fremu, kwa kuwa fremu ni yake.

SWALI: Nina simu nzuri na tripodi ya bei nafuu. Nataka kutengeneza filamu fupi ya heroe wa Ziwa Nakuru kwa mtindo huo wa Root. Nianzie wapi? – Kijana, Free Area, Nakuru

JIBU: Anza kwa kuuliza kama heroe wapo. Ziwa limepanda sana tangu miaka ya 2010, maji yakapungua chumvi, na mwani ambao heroe wa aina ndogo huula ukapungua nayo, hivyo makundi makubwa yaliyo katika kadi za posta mara nyingi huwa Bogoria au kwingineko. Kisha jiulize swali ambalo Root angejiuliza: ni mahali gani pamoja unapoweza kufika alfajiri na jioni, juma baada ya juma, bila kulipa nauli itakayokumaliza? Kijana wa Kisumu angekuwa na mafunjo ya Dunga, yaliyojaa ndege na mitumbwi, na jua linalozama upande wa maji. Wewe huenda una mti mmoja wa mgunga wenye viota karibu na nyumbani. Mti huo utakufaa kuliko heroe elfu uliowaona siku moja.

Simu inakutosha kwa kujifunza. Ishushe iwe usawa wa kiumbe unayempiga, funga kipimo cha mwanga ili picha isibadilike wingu linapopita, usivute kwa kukuza picha kidijitali bali sogea wewe, na kila picha iache iende angalau sekunde kumi baada ya wewe kuona kwamba imetosha, kwa sababu mhariri hawezi kurefusha usichokuwa nacho. Rekodi sauti ya mahali hapo kando, hata kama hakuna linalotokea. Ukitaka mafunzo rasmi, Taasisi ya Mawasiliano ya Umma ya Kenya, KIMC, jijini Nairobi, imefundisha kizazi baada ya kizazi cha wapigapicha wa nchi hii.

Upande wa vibali, kupiga filamu ya kibiashara ndani ya hifadhi kunahitaji ruhusa ya Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, KWS, mbali na ada ya kuingia, na filamu yenyewe ina leseni yake. Uliza kabla ya kupanga siku. Droni lazima isajiliwe na Mamlaka ya Usafiri wa Anga, KCAA, na hata ukiwa na karatasi zote nakushauri uiache nyumbani siku ya heroe. Kundi likitishwa huinuka lote kwa pamoja, nawe utakuwa umepiga picha ya ndege wanaokukimbia.